Tai wa Mistari Minyoofu: Hotuba juu ya Harakati za Wachicano na Kilichobaki

Ndugu wasikilizaji,

Tuanze na bendera. Ni nyekundu, katikati ina duara jeupe, na ndani ya duara amekaa tai mweusi. Mtazame vizuri: hana manyoya, na mabawa yake yamekatwa kwa ngazi, pembe juu ya pembe. Asiyejua atadhani aliyemchora hakuwa fundi. Alichorwa hivyo kwa makusudi mwaka 1962 na Richard Chavez, ndugu yake kiongozi wa vibarua César Chávez, kwa ajili ya chama kipya cha vibarua wa mashambani kilichokuwa kinazinduliwa mjini Fresno, California. Tai wa mabawa ya mviringo humshinda mtu wa kawaida kumchora. Tai wa mistari minyoofu anatoka kwa rula na mkasi, mezani, baada ya chakula cha jioni. Ndiyo maana miaka michache baadaye bendera ile ilionekana kila mahali, na nyingi zilishonwa majumbani.

Nitazitazama harakati za Wachicano kwa jicho hilo la fundi: ni nini kilikuwa rahisi kuigwa na mikono mingi, na ni nini kilikwama kwa sababu kilitegemea ofisi moja au mtu mmoja.

Jina kwanza. Chicano ni Mmarekani mwenye asili ya Meksiko, lakini si kila mwenye asili hiyo alilipenda neno hilo. Miongoni mwa familia za Kimeksiko zenyewe lilikuwa la dharau, la kumwita mtu wa chini, na wazee wengi walikunja uso vijana wa miaka ya 1960 walipolivaa kama nishani. Mwandishi wa habari Ruben Salazar alieleza Februari 1970 kwamba Chicano ni yule asiyejitazama tena kwa kioo cha Wazungu. Kwa Kihispania mwanamume ni Chicano, mwanamke Chicana, na ugomvi juu ya herufi ya mwisho haujaisha hadi leo. Kiswahili kimetuepusha na kesi hiyo: Mchicano mmoja, Wachicano wawili, basi.

Asili yao nayo inahitaji tarehe moja. Tarehe 2 Februari 1848, kwa Mkataba wa Guadalupe Hidalgo uliomaliza vita kati ya Meksiko na Marekani, Meksiko ilipoteza zaidi ya nusu ya ardhi yake, na Marekani ikalipa dola milioni 15. Waliokuwa wakiishi kule waliamka wakiwa ndani ya nchi nyingine bila kuhama hata hatua moja. Waliahidiwa uraia na mali zao, ila Seneti ya Marekani ilikifuta kifungu cha 10, ambacho kingelinda hati za ardhi za zamani. Kwa hiyo mwaka 1963 Reies López Tijerina alipoanzisha chama cha kudai ardhi huko New Mexico, na watu wake walipoivamia mahakama ya Tierra Amarilla tarehe 5 Juni 1967, hawakuwa wakibuni dai jipya. Walikuwa wakidai deni la zaidi ya miaka mia moja.

Sasa twende mashambani, maana huko ndiko kuna mambo.

Kuanzia 1942 hadi 1964 Marekani iliwaleta wanaume kutoka Meksiko kwa mikataba ya muda mfupi, mikataba ipatayo milioni nne na nusu kwa jumla. Waliitwa bracero. Kwetu, kwa watu wanaokumbuka mashamba ya mkonge, jina lao lingekuwa manamba. Madhali manamba walikuwepo, mgomo haukuwezekana: ukigoma asubuhi, jioni lori limeshaleta wengine. Katika mashamba ya mboga kibarua alipewa jembe la mpini mfupi, usiofika nusu mita, ili ainame kutwa. Nyapara alilipenda kwa sababu moja ya wazi: aliyesimama wima alionekana mara moja kuwa anapumzika. Migongo iliharibika kabla ya uzee. Jembe hilo lilipigwa marufuku California mwaka 1975, baada ya kesi ndefu iliyoletwa na mawakili wa maskini pamoja na ushahidi wa madaktari.

Mpango wa bracero ulipofungwa mwishoni mwa 1964, mlango ukafunguka. Tarehe 8 Septemba 1965 wachumaji zabibu Wafilipino, wakiongozwa na Larry Itliong, waligoma huko Delano wakidai dola 1.40 kwa saa. Nasisitiza: Wafilipino ndio walioanza. Simulizi nyingi humtanguliza Chávez, na hiyo si haki. Siku nane baadaye, tarehe 16 Septemba, ambayo ni siku ya uhuru wa Meksiko, chama cha Chávez na Dolores Huerta kilikutana katika ukumbi wa kanisa na kupiga kura ya kujiunga. Mwaka uliofuata vyama viwili vikawa kimoja.

Chama kile kilijengwaje kabla ya mgomo? Kwa mikutano ya sebuleni, mbinu waliyofundishwa na mratibu wa jamii Fred Ross. Mratibu hamwiti mtu kwenye uwanja. Anamwendea mtu mmoja, anamwomba awaalike majirani watano au wanane nyumbani kwake. Wanazungumza saa moja au mbili. Kabla ya kuondoka, mratibu anatafuta katika kundi lile mtu wa kualika mkutano unaofuata. Baada ya wiki kadhaa za nyumba hadi nyumba ndipo unaitishwa mkutano mkubwa, na kila anayeingia anakuta nyuso anazozijua. Mbinu hii huharibika mratibu anapoharakisha: akipata watu watatu tu sebuleni, anakata tamaa, anapiga mbiu ya mkutano wa hadhara, na ukumbi unabaki viti. Ada ya mwanachama ilikuwa dola 3.50 kwa mwezi, fedha nzito kwa kibarua. Iliwekwa makusudi, na mlipaji alipata kitu cha kushika mkononi: bima ya mazishi, kisha chama cha akiba na mikopo.

Halafu sheria. Sheria ya kazi ya 1935 iliwapa wafanyakazi wa Marekani haki ya kuunda vyama, ikawaacha nje vibarua wa mashambani na watumishi wa majumbani. Lilikuwa tusi, lakini ndani ya tusi kulikuwa na upenyo. Mwaka 1947 sheria hiyo ilibanwa, vyama vikakatazwa kulilenga duka la mtu wa tatu ambaye si mwajiri wao. Walioachwa nje ya haki walikuwa nje ya katazo pia. Chama cha viwandani kisingeweza kusimama mlangoni kwa muuza vyakula na kudai aache bidhaa ya kampuni fulani. Wachuma zabibu waliweza, na wakafanya hivyo miji mikubwa yote.

Ususiaji haukwenda sawa mara ya kwanza. Walimlenga mkulima mmoja mkubwa, kampuni ya Giumarra. Wakulima wenzake wakamwazima lebo zao, zabibu zake zikaingia sokoni kwa majina ya watu wengine, na mama aliyesimama dukani New York hakuweza kujua asusie zipi. Makosa hapo yalikuwa ya kipimo: ukimtaka mnunuzi asusie, mpe jambo ambalo macho yake yanaweza kulitambua. Mapema 1968 wakabadilisha, wakasema susia zabibu zote za mezani za California. Hapo hata mtoto alielewa. Wagomaji walisambazwa nchi nzima kwa posho ya dola tano kwa wiki na mahali pa kulala. Wakulima wa kwanza waliposaini mwaka 1970, masanduku yao yalibandikwa tai yule mweusi, na maduka yakayatafuta hayo tu. Tarehe 29 Julai 1970 wakulima wakubwa wa Delano walisaini.

Hapa wengi hufunga simulizi. Fundi hafungi, maana ubovu ulianzia hapa. Mikataba iliondoa mawakala wa vibarua, kazi ikaanza kugawanywa na ofisi za chama. Ukongwe ukahesabiwa kwa tarehe ya kujiunga na chama, si kwa miaka uliyofanya kazi kwenye shamba hilo. Matokeo yake, mtu wa miaka kumi kwenye shamba moja alipelekwa kwingine, mume kaskazini, mke kusini, nao walikuwa wakienda kazini kwa gari moja la familia. Ada ikadaiwa hata kwa miezi isiyo na kazi. Foleni zikawa ndefu, makarani wachanga. Mikataba ilipoisha 1973, wakulima wengi walisaini na chama cha madereva wa malori, na si vibarua wote waliolia. Zaidi ya hapo, mwaka 1974 chama kiliwaripoti kwa maofisa wa uhamiaji watu wasio na vibali waliovunja mgomo, jambo lililowachukiza Wachicano wengi, kwa sababu waliokamatwa walikuwa binamu na shemeji zao. Sheria ya California ya 1975 iliwapa vibarua kura ya siri ya kuchagua chama. Nguvu ya 1970 haikurudi.

Lakini sanaa ya mgomo ilikuwa imeshaondoka shambani. Luis Valdez alianzisha mwaka 1965 kikundi cha maigizo cha wagomaji wenyewe. Jukwaa lilikuwa sakafu ya lori. Hapakuwa na maandishi, vazi wala pazia. Kila mwigizaji alivaa shingoni kibao: huyu mgomaji, huyu mvunja mgomo, huyu bwana shamba mwenye kinyago cha nguruwe. Mchezo ulichukua dakika kumi na tano hivi. Kibao cha shingoni kilitatua tatizo halisi: watazamaji wako barabarani, magari yanapita, hakuna muda wa kumtambulisha mhusika. Na vibarua waliokuwa bado ndani ya shamba wangeweza kuelewa kwa mbali, hata wasiposikia neno.

Mjini, silaha ilikuwa rejista ya mahudhurio. Machi 1968 wanafunzi wa mashariki ya Los Angeles walitoka madarasani katika shule za Garfield, Roosevelt, Lincoln, Wilson na Belmont, maelfu kwa maelfu, wakisaidiwa na mwalimu Sal Castro. Walidai walimu wa asili yao, historia yao vitabuni, na kukomeshwa kwa adhabu za kusema Kihispania. Shule zilipata fedha za jimbo kwa kuhesabu vichwa kila siku, kwa hiyo kiti kitupu kilikuwa hasara kwenye daftari la mkuu wa shule. Watu kumi na watatu, Castro akiwemo, walishtakiwa kwa njama, kosa kubwa ambalo lingewafunga miaka mingi, ilhali kuvuruga shule kwenyewe kulikuwa kosa dogo. Mahakama ya rufaa iliyafuta mashtaka mwaka 1970. Mbinu ikaigwa Crystal City, Texas, mwishoni mwa 1969. Huko Wachicano walikuwa wengi shuleni, lakini nafasi za wasichana wa kushangilia timu zilitengwa kwa Wazungu ila moja. Kutoka kwenye mgomo huo kilizaliwa Januari 1970 chama cha siasa, La Raza Unida, kilichochukua bodi ya shule na halmashauri ya mji katika uchaguzi wa Aprili. Mwaka 1972 mgombea wake wa ugavana Texas, Ramsey Muñiz, alipata asilimia 6 ya kura. Katika mkutano wa taifa mwaka huo huo viongozi walivutana, José Ángel Gutiérrez upande mmoja na Rodolfo Gonzales wa Denver upande mwingine, na chama kikaanza kukauka.

Vita vya Vietnam navyo vilikuwa vinachukua vijana wao. Tarehe 29 Agosti 1970 watu wapatao elfu ishirini hadi thelathini waliandamana kuvipinga mashariki ya Los Angeles. Polisi walivamia bustani walikokuwa wameketi na familia zao. Jioni hiyo Ruben Salazar, yule aliyelieleza jina, aliuawa ndani ya baa kwa kombora la gesi ya machozi lililofyatuliwa na ofisa wa sherifu. Hakuna aliyeshtakiwa. Bustani ile sasa ina jina lake.

Sasa nije kwenye mabango, na mniwie radhi nikikaa hapa kidogo.

Bango la Chicano lilichapwa kwa skrini. Unahitaji fremu ya mbao, kitambaa chembamba cha hariri au nailoni kilichovutwa mpaka kilie kama ngozi ya ngoma, stensili ya kuziba pale ambapo wino haupaswi kupita, na raba pana yenye mpini. Karatasi inawekwa chini, wino unamwagwa ukingoni, raba inaburutwa mara moja kwa mkono usiositasita. Kila rangi ina stensili yake, kwa hiyo bango la rangi tatu hupita mara tatu, na kila karatasi lazima irudi mahali pale pale. Ndiyo maana mezani hubandikwa vipande vitatu vya kadi: viwili upande mrefu, kimoja upande mfupi, karatasi ikavigonga. Vikilegea, mpaka mweupe unatokea kati ya rangi na rangi, na uso wa mtu unakuwa na macho mawili ya kulia. Kitambaa kikilegea, kingo zinavimba. Wino wa maji hukauka ndani ya matundu ukisimama kunywa chai; wino wa mafuta hausumbui hivyo, lakini hukaa saa nyingi bila kukauka, na viyeyushi vyake huumiza kichwa chumbani pasipo madirisha. Wachapaji walianika mabango kwenye kamba kama nguo. Karatasi ilikuwa yoyote iliyopatikana. Katika karakana ya wanafunzi ya Berkeley, Mei 1970, walichapa mgongoni mwa karatasi za kompyuta zilizokwisha tumika, zenye vitundu pembeni.

Ufundi huu uliamua sura ya sanaa yenyewe. Rangi bapa, kingo kali, herufi kubwa: huo haukuwa mtindo tu, ndicho kitu ambacho skrini inaweza kukifanya usiku mmoja kwa fedha kidogo. Kule Sacramento kikundi cha José Montoya na Esteban Villa kilijiita kwa herufi RCAF, watu wakawauliza kama wao ni jeshi la anga la Kanada, lenye herufi zile zile. Badala ya kubadilisha jina wakaukubali utani, wakavaa kofia za marubani na kujiita Jeshi la Anga la Kifalme la Wachicano. Waliwachapia vibarua mabango mengi. Los Angeles, mtawa Karen Boccalero na wenzake walianzisha Self Help Graphics mwanzoni mwa miaka ya 1970, kazi ikianzia gereji. Ni wao, pamoja na Galería de la Raza ya San Francisco, waliochukua ibada ya nyumbani ya kuwakumbuka wafu mwanzoni mwa Novemba, wakaifanya maandamano na madhabahu ya hadharani. Sherehe mnayoiona leo madukani Marekani, ya mafuvu ya sukari na maua ya manjano, ilipitia mikononi mwao.

Kuanzia 1983 karakana ya Self Help Graphics ilichapa nakala chache zenye namba na saini, za kuuzwa. Wako walioona hilo ni usaliti. Malaquías Montoya, mmoja wa mafundi wakubwa wa mabango, alikuwa ameonya mapema, mwaka 1980, kwamba sanaa hii ikiingia kwenye majumba ya sanaa itapoteza meno. Naielewa hoja yake. Lakini bango la kubandikwa ukutani kwa gundi ya unga haliishi msimu wa mvua, na nyingi za miaka ya 1960 zimetoweka. Zile zenye saini zipo.

Ukuta unaishi zaidi, ukitunzwa. Mtaa wa Barrio Logan, San Diego, ulikatwa na barabara kuu mwaka 1963, kisha mwaka 1969 likafunguliwa juu yake daraja la Coronado. Nyumba zikaondoka, nguzo za zege zikaingia. Wakazi waliahidiwa bustani chini ya daraja. Tarehe 22 Aprili 1970 mwanafunzi mmoja aliona matingatinga, akauliza, akaambiwa panajengwa kituo cha polisi wa barabara. Habari ikapelekwa mlango kwa mlango na darasa kwa darasa. Watu wakashikana mikono kuzunguka mashine, wakapanda dungusi na maua, wakapandisha bendera juu ya nguzo ya simu, wakakaa siku kumi na mbili. Walipata bustani.

Mchoraji Salvador Torres ndiye aliyesema nguzo zichorwe. Uchoraji ulianza Machi 1973, na siku ya kwanza watu kwa mamia walizivamia kuta kwa brashi na rola, kila mmoja na chake. Wasanii wakarudi baadaye kupanga na kurekebisha. Zege si ukuta wa chokaa. Lina magadi ndani yake, na unyevu ukipita huyasukuma nje kama unga mweupe unaobandua rangi kutoka nyuma. Kwa hiyo kwanza huoshwa, hukwaruzwa kwa asidi iliyopunguzwa makali, husuuzwa sana, huachwa likauke, ndipo hupakwa rangi ya msingi, na mchoro mdogo wenye miraba huhamishwa mraba kwa mraba. Asidi isiposuuzwa yote, rangi ya msingi haishiki. Adui mwingine ni maji yanayochuruzika kutoka sakafu ya daraja, na moshi wa magari. Katika miaka ya 1990 idara ya barabara ilipotaka kuziimarisha nguzo dhidi ya tetemeko la ardhi, wakazi walipigana ili michoro isifunikwe, wakasikilizwa. Mwaka 2011 na 2012 michoro mingi ilifanyiwa ukarabati, na waliochora mwanzo, walio hai, wakarudi kwenye majukwaa. Mwaka 2016 bustani ilitangazwa alama ya kihistoria ya taifa.

Nimewaacha wanawake hadi sasa, kama harakati zenyewe zilivyofanya, na wao hawakukubali. Mei 1971 wapatao 600 walikutana Houston kujadili uzazi, malezi na nani anapika wakati wanaume wanahutubia. Dolores Huerta alijadili mikataba ya zabibu meza kwa meza na mawakili wa wakulima. Msemo wa »Sí, se puede«, yaani inawezekana, ulitoka kwake Arizona mwaka 1972, viongozi wa pale walipomwambia haiwezekani. Na kuna kesi ambayo ingepaswa kujulikana zaidi. Mwaka 1975 wanawake kumi waliishtaki hospitali ya umma ya Los Angeles kwa kuwafunga vizazi: fomu za Kiingereza, zilizosainiwa katikati ya uchungu wa kujifungua, na mama asiyesoma lugha hiyo. Walishindwa mwaka 1978; jaji aliona palikuwa na kutoelewana tu. Ila kelele za kesi hiyo zilisaidia kuleta fomu za Kihispania na muda wa lazima wa kusubiri kati ya saini na kisu. Wakili wao, Antonia Hernández, baadaye aliongoza mfuko wa utetezi wa kisheria wa Wachicano, MALDEF, ulioanzishwa mwaka 1968.

Mambo mengine yaliyobaki ni ya kila siku, mtu hata hayaoni. Karatasi ya kura yenye Kihispania ni matokeo ya marekebisho ya sheria ya kura ya 1975. Idara za masomo ya Wachicano zilianza Los Angeles mwaka 1968. Arizona ilitunga sheria mwaka 2010 ya kuyafuta masomo hayo katika shule za Tucson, na Januari 2012 vitabu vilitolewa madarasani na kufungwa ndani ya maboksi, wanafunzi wakiangalia. Ilichukua hadi Agosti 2017 kwa jaji wa shirikisho kuamua kwamba sheria ile ilitungwa na kutekelezwa kwa chuki ya rangi. Wanafunzi waliokuwa darasani siku ile ya maboksi walikuwa wameshamaliza shule.

Asanteni kwa kunisikiliza. Meza ya nyuma kuna fremu, raba na stensili ya tai; anayetaka kujaribu avue saa kwanza, wino huu hautoki.